Wino Juu ya Sauti ya Mama

Nakabetsu, 21 Oktoba 1979

Kwa mdogo wangu Chigusa,

Baridi imeanza kushuka kutoka mlimani na majani ya mitufaha yamegeuka rangi, kwa hiyo natumaini huko Tokyo umeshatoa koti. Haya, salamu za msimu nimezimaliza kama Baba alivyotufundisha, sasa niache nipige kelele.

Gazeti la mkoa limekuandika! Mwalimu Mikami alikuja nalo mbio mpaka shambani, akanikuta juu ya ngazi nachuma, nikadhani shule inaungua. Eti msanii wa filamu mzaliwa wa Nakabetsu amepata tuzo Ujerumani. Picha yako nayo ipo, umekunja uso kama mtu anayeumwa jino. Fumie amekata ukurasa mzima akaubandika kwenye friji. Mama amechukua nakala nyingine akaiweka kwenye madhabahu ya nyumbani mbele ya picha ya marehemu Baba, kwa hiyo Baba naye ameshasoma.

Nikwambie kweli, Chigusa. Ulipoacha masomo ya ufamasia ukasema unatengeneza filamu, niliendelea kuwaambia watu kwamba bado unasoma. Ulipotueleza kuwa filamu zako hazina hadithi wala waigizaji, na kwamba zinaonyeshwa kwenye vyumba vya chini ya ardhi mbele ya watu wachache waliovaa nyeusi tupu, sikumwambia hata mke wangu Fumie. Nilikuonea haya. Sasa nikipita barabarani watu wananiinamia. Nilikosea, nakiri.

Basi sikia. Gazeti linasema filamu yako inaitwa "Pipa", na ndani yake mna mikono ya Mama ikitia figili chumvi ndani ya pipa jikoni kwetu, na sauti ya Mama akizungumza mwanzo hadi mwisho. Mama yetu ameonekana Ujerumani, hapa kwao hakuna aliyemwona! Nimeshaongea na ushirika. Jumamosi ya pili ya Desemba, mavuno yakiisha, tutaionyesha ukumbini, kijiji kizima. Mikami ataazima projekta ya shule. Mke wa Narita, yule mwenyekiti wa ushirika, atasimamia chakula. Mama hakumbuki alisema nini siku hiyo, anasema labda habari za chumvi, lakini kimono chake cha sherehe ameshakitundika kipate hewa.

Wewe tuma filamu tu, mengine tuachie sisi.

Kaka yako,
Tamotsu

*

Tokyo, 30 Oktoba 1979

Kaka Tamotsu,

Huku bado kuna joto la kijinga, koti halijatoka. Nimefurahi kusikia kwamba Baba amesoma gazeti. Mwambie wifi Fumie auondoe ule ukurasa, uso wangu utachachusha maziwa.

Kuhusu ukumbi, Kaka, naomba tusifanye. Nakala niliyonayo ni moja tu na bado iko Ujerumani, na sijui watairudisha lini. Halafu, niamini mimi niliyeitengeneza, si filamu ya kuonyesha watu waliotoka kuvunja mgongo shambani. Haina mwanzo wala mwisho. Nilipiga picha mojamoja, mikono inakwenda kwa kurukaruka, wazee wataumwa macho. Uso wa Mama hauonekani hata mara moja. Watu watakaa pale kwa adabu, wataniinamia kwa heshima, halafu wataenda nyumbani wakiwa wamekuonea huruma.

Fanya hivi: andaa karamu bila filamu. Nitatuma picha kubwa ya Mama akiwa amesimama mlangoni, muitundike ukutani.

Msalimie Mama. Asikitoe kimono mapema, kitapauka.

Mdogo wako,
Chigusa

*

Nakabetsu, 8 Novemba 1979

Chigusa,

Leo sina salamu za msimu.

Nimempigia simu yule mwandishi wa gazeti nimwombe anisaidie kuandika Ujerumani. Amenishangaa. Anasema aliiona "Pipa" wiki iliyopita, Tokyo, na wewe mwenyewe ulikuwa mlangoni unakata tiketi. Nilimshukuru, nikakata simu, nikabaki nimesimama kwenye veranda ya posta kama mjinga huku watu wakinitazama.

Kwa nini unanidanganya? Nimefikiri, na naona jibu ni moja tu. Unatuonea haya. Wajerumani wanafaa kuiona mikono ya Mama, watu wa Tokyo wanafaa, ila sisi tunaokula hizo figili hatufai. Unaogopa wakulima watakoroma. Waache wakorome, ukumbi ni wao.

Mimi nilibaki hapa ili wewe uende. Baba alipougua nilikuwa na nafasi yangu kwenye chuo cha ufundi Sendai, nikaiacha, nikashika mkasi wa kupogolea. Sijawahi kukudai hilo wala sidai leo. Lakini nimeshawaambia watu mia mbili waje, Mama anafanya mazoezi ya kuinama, na mke wa Narita ameagiza samaki. Nikisimama mbele yao niseme dada yangu amekataa, nitauweka wapi uso wangu?

Tuma filamu.

Tamotsu

*

Tokyo, 15 Novemba 1979
(Barua hii haikutumwa.)

Kaka,

Siwaonei haya. Ninajionea haya mwenyewe, na sijui jinsi ya kuliandika hilo bila kuandika lililo baya zaidi.

Maneno ya Mama kwenye filamu si habari za chumvi. Siku ile alikuwa anaongea na mimi tu, jikoni, mlango umefungwa, kama anavyoongea mikono yake ikiwa na kazi. Alimsema mke wa Narita. Alimsema kasisi wa hekalu. Alisema na mengine. Wajerumani hawakuelewa kitu. Hata watu wa Tokyo hawaelewi lahaja yetu ya Tsugaru, wanaisikia tu kama mvua. Kwa hiyo niliona hakuna ubaya. Nilitengeneza filamu kwa ajili ya watu wasioelewa, na sasa wewe unataka kuipeleka mahali pekee duniani ambapo kila mtu ataelewa kila neno.

Na kuna sentensi moja inayokuhusu wewe. Mama hakukutukana, Kaka. Ni mbaya zaidi ya hapo, kwa sababu

*

Tokyo, 27 Novemba 1979

Kaka,

Samahani kwa uongo. Filamu imo ndani ya kopo hili. Mwambie Mwalimu Mikami aishike pembeni kwa vidole safi.

Sitaweza kuja, kuna kazi ya maabara ya filamu ambayo haiwezi kuachwa. Tazameni vizuri.

Chigusa

*

Nakabetsu, 10 Desemba 1979

Chigusa,

Theluji imefika magotini. Tumeionyesha.

Watu walikuja wote, hata wa upande wa pili wa mto. Walivua viatu, wakajaa kwenye mikeka mpaka ukutani, majiko matatu yanawaka, watoto mbele, Mama katikati na kimono chake. Nilitoa hotuba. Nilisema wewe ni fahari yetu, watu wakapiga makofi. Taa zikazimwa.

Ikatokea mikono. Hakuna sauti.

Mikami akasimamisha projekta, akafungua, akapuliza, akaanza upya. Hakuna sauti. Akakaza waya, akabadilisha balbu ndogo, jasho linamtiririka na nje kumeganda. Mara ya tatu ikawa vilevile. Basi yule mtu, mwalimu wa watoto wetu wote, akaja mbele, akapiga magoti, akaweka paji la uso sakafuni mbele ya kijiji kizima akaomba radhi kwa kuwa ameharibu siku yetu sisi familia ya Kasai. Mke wa Narita akawa anamwambia, "Inuka mwalimu, inuka bwana, mashine ni mashine." Hakuinuka upesi.

Hapo mzee Kudo akasimama. Unakumbuka alivyokuwa akijisifu kwamba ujanani alifanya kazi ya kusimulia picha za kimya mjini Hirosaki, enzi kabla filamu hazijaanza kuongea? Akajikohoza, akakung'uta mikono ya vazi, akasema, "Endesheni mashine, mimi nipo." Mikami akaendesha. Kudo akaanza kwa ile sauti ya kutetemesha madirisha: "Ewe mikono yenye huzuni! Ni mjane gani wa shujaa anayetia chumvi machozi yake..."

"Kudo, kaa chini!" Ni Mama huyo. "Hiyo ni mikono yangu na haina huzuni yoyote, ina chumvi!"

Ukumbi ulilipuka. Kabla sijamshika Mama ameshafika mbele, amesimama ubavuni mwa kitambaa, mwanga unamcheza begani. Anatazama mikono yake inavyorukaruka, na naapa, Chigusa, ilimrudia yote. "Hapa naosha figili. Sasa hapa, ninapozipanga, hapa nilikuwa namsema mke wa Narita, kwamba figili zake zina ladha ya maji ya kufulia."

Nilitaka kufa. Mke wa Narita yuko mstari wa mbele. Akapiga mkeka kwa kiganja, akamwita Mama kwa jina: "Na zako, Ine, zimemng'oa mume wangu jino!" Watu walicheka mpaka kuna mtoto akaanza kulia. Mama akaendelea. Kasisi anayesinzia katikati ya sala zake mwenyewe alitajwa, na kasisi yupo, na alikuwa amesinzia kweli. Kudo alitajwa. Mimi pia nilitajwa kwamba nakoroma. Sijapata kuona ukumbi ule ukifurahi hivyo tangu Baba alipokuwa hai.

Halafu picha ikafika pale mwanga wa dirisha unapofifia na mikono inasimama juu ya pipa. Mama akakipa kitambaa mgongo. Tukamsubiri. Akasema, "Hapa siwaambii. Hapa nilikuwa namsema mwanangu." Akarudi kukaa kwenye mto wake.

Mama ana watoto wawili, na mmoja ndiye aliyekuwa na kamera. Kila mtu alijua hesabu hiyo. Watu wote walitazama mikeka. Tulimaliza filamu, tukala samaki wa mke wa Narita, kila mtu ananimiminia sake, pombe yetu ya mchele, kwa upole ambao sikuuomba.

Mikami alipokuwa anairudisha filamu kwenye kopo, vidole vyake vikawa vyeusi. Alidhani ni grisi. Nilimvuta kando kwenye taa tukaangalia. Ni wino. Ukingo mzima wa filamu, ile njia inayobeba sauti, umepakwa wino mweusi kwa brashi, kwa mkono, kwa uangalifu mkubwa. Hakuna mashine iliyoharibika. Wewe uliizima sauti ya Mama, na ukamwacha Mikami apige paji la uso sakafuni kwa ajili yako. Alinitazama, akasema labda ndivyo wasanii wanavyofanya. Hata hapo bado alikuwa anakutetea.

Nimemuuliza Mama alisema nini juu yangu. Ananiambia nikaziulize figili. Basi nakuuliza wewe. Uliyasikia, ukayaacha ndani, ukawapelekea Wajerumani. Niandikie.

Tamotsu

*

Tokyo, 19 Januari 1980

Kaka Tamotsu,

Kadi yako ya Mwaka Mpya haikufika. Mwaka huu ndio wa kwanza kuikosa. Nilishuka kuangalia sanduku la barua mpaka mwenye nyumba akaniuliza kama nimeposwa.

Nimemwandikia Mwalimu Mikami. Nimemwambia mashine ilikuwa nzima na mkosaji ni mimi, na nimemwomba awasomee barua hiyo watu wote ukumbini. Nilikuwa nimeona kila kitu isipokuwa yeye. Siku ile napaka wino, nikiwa nimeinamia meza na brashi ya nywele tatu, nilikuwa nimejiambia kwamba natenda jambo la huruma. Nilijionea fahari kidogo. Sikujiuliza hata mara moja nani atasimama karibu na projekta.

Sasa lile ulilouliza. Nimeandika barua hii mara nyingi nikaichana. Mama alisema hivi:

"Tamotsu wanamsifu kwamba alibaki kwa ajili yetu. Hakubaki kwa ajili yetu. Mji ulimtisha. Mimi namshukuru kila siku ili asijue kwamba najua."

Ni hayo tu. Alisema taratibu, kisha akaanza kunieleza habari ya mawe ya kukandamizia pipa.

Utaniuliza kwa nini niliyaacha. Kwa sababu pale sauti yake inashuka, halafu inapanda mwishoni kwenye neno "najua", na mikono imesimama. Nilipokuwa nakata filamu niliisikiliza sentensi hiyo mamia ya mara, mpaka ikawa haina maneno tena. Haikuwa wewe. Ilikuwa sauti nzuri kuliko zote nilizowahi kunasa. Baada ya miaka yote ile ya vyumba vya chini, ya kukwangua filamu kwa pini na kuzizika udongoni nione zitaoza vipi, hatimaye nilikuwa na kitu kilichowanyamazisha watu. Mchambuzi mmoja hapa aliandika kwamba "Pipa" ni muziki uliotangulia maneno. Nilikata makala hiyo nikaitunza. Nilijua kwamba ni maneno, na ni ya nani, na yanamhusu nani. Sikumsahihisha.

Na Mama hakujua kwamba ninamnasa. Nilificha kinasa sauti nyuma ya gunia la mchele. Kamera aliikubali, hilo lingine sikumwomba. Mwambie wewe, au niruhusu nimwambie.

Kuna jambo moja zaidi. Chuo kimoja Amerika kimeniita nikafundishe kwa mwaka mmoja. Wameniita kwa sababu ya "Pipa". Sijawajibu, lakini nitakataa. Nitawezaje kuondoka na haya yakiwa yamelala kati yetu? Mama anazeeka, wewe umeaibishwa mbele ya watu kwa sababu yangu. Ni haki nibaki karibu. Nitafanya hivyo kwa ajili yenu, na usinishukuru.

Sina uso wa kukuomba msamaha.

Chigusa

*

Nakabetsu, 24 Februari 1980

Kwa mdogo wangu Chigusa,

Theluji imeanza kuwa nzito na yenye maji, na tumeanza kupogoa. Naandika nikiwa kwenye kibanda cha shambani kwa sababu nyumbani Fumie anasoma juu ya bega langu.

Nilikusudia kukuandikia matusi. Niliyapanga vizuri sana, mengine nilipokuwa juu ya mti nilicheka mwenyewe kwa utamu wake. Nilipokaa kuandika yamekauka.

Mama hakukosea. Nilifika Sendai. Hakuna anayejua hilo, hata Fumie. Nilishuka kwenye treni na sanduku langu, nikaenda dirisha la stesheni kuuliza njia ya chuo. Karani akaniambia rudia. Nikarudia. Akawaita wenzake waje wanisikie ninavyoongea, wakasema rudia tena, na nyuma yangu foleni nzima inacheka. Kilikuwa kicheko kidogo tu, mtu mwingine angekisahau kabla ya chakula cha jioni. Mimi nilipanda treni inayorudi. Baba aliugua baadaye, majani yakiwa yameshaanguka yote. Watu wakayapanga mambo kinyume, wakasema nilirudi kwa sababu ya Baba, na mimi kama wewe sikuwasahihisha.

Lahaja ileile iliyonirudisha nyumbani ndiyo imekupa wewe tuzo. Nilipoliona hilo nilicheka peke yangu, halafu ikawa haichekeshi.

Kuogopa hakuniumizi sana. Nilikuwa kijana. Kinachoniunguza ni kwamba Mama amenishukuru kila siku, na kila siku mimi nimepokea. Nikinywa chai yake nilikuwa nakunja uso kidogo, nionekane mtu aliyebeba mzigo, ili shukrani ziongezeke. Na yeye ananitazama, anajua, anamimina tena. Siku hizi nashindwa kunyanyua kikombe mbele yake. Hata ile barua niliyokuandikia Novemba, nikakwambia nilibaki ili wewe uende, ichome tafadhali.

Nimemwambia habari ya kinasa sauti. Akasema alikiona tangu mwanzo, kilikuwa na taa nyekundu, na gunia la mchele halina taa. "Nilidhani anataka kunibeba aende akanisikilize akiwa peke yake huko. Ndiyo maana nikamwaga yote." Kisha akaniuliza kama huwa unamsikiliza wakati wa kula. Nikamwambia ndiyo. Nimekudanganyia, kwa hiyo sasa fanya hivyo.

Mikami aliisoma barua yako ukumbini, yote. Watu wanasema mambo, na wengine wana haki ya kuyasema. Yeye ameomba umtumie filamu nyingine, kati ya zile ulizozizika udongoni, awaonyeshe wanafunzi.

Wino uufute, kama unafutika. Lakini ukiionyesha tena "Pipa" popote, andika maneno ya Mama chini ya picha, kwa lugha ya watu wanaotazama, wamwelewe. Asiwe muziki wa mtu. Andika na hilo linalonihusu mimi.

Sijakusamehe. Natumaini msamaha utakuja wenyewe.

Kuhusu Amerika. Nenda au usiende, hilo ni lako. Lakini usiwaandikie kwamba umekataa kwa ajili yetu. Mimi nimeishi ndani ya maneno hayo tangu nina miaka kumi na minane, nayajua kila pembe, na sikutakii. Ukiwa unataka kwenda, nenda. Kama unaogopa, waandikie kwamba unaogopa, na mimi uniandikie hivyohivyo.

Kaka yako,
Tamotsu